Pengo la Harriet

Ndugu zangu, miaka michache baada ya vita kuu ya pili, huko Marekani, palikuwa na binti wa miaka sita aliyeanza kuigiza sinema. Kwenye mabango waliandika Kitty Dale. Jina alilobatizwa ni Harriet, nasi tumwite hilo.

Asubuhi moja, kazi ikiendelea, jino lake la mbele liling'oka. Mwongozaji akashika kichwa.

"Bibi," akamwambia mama yake, "jana tumempiga picha akifungua mlango, ana meno yote. Leo anaingia ndani ana pengo. Watazamaji watasema kizingiti ndicho kilichomng'oa jino?"

Watu wakaangua kicheko. Harriet hakucheka. Alitengenezewa jino la bandia, akaonywa asionekane bila hilo. Kutwa akawa analishikilia kwa ulimi lisianguke, na akilini mwake jambo likawa wazi: watu wazima hawamtaki mtoto mwenye pengo.

Basi ikasikika kwamba baba yake anakuja. Alikuwa fundi wa reli, kazi yake mbali kaskazini, na hawakuonana kwa miezi mingi. Harriet akaingiwa na hofu. Baba akiliona pengo, si atageuza arudi alikotoka? Siku hiyo alilivaa jino mapema, akakaa midomo ameifumba.

Baba akaingia, akachuchumaa mbele yake. "Hebu nichekee, mwanangu."

Akatabasamu. Baba akamtazama, uso ukamshuka.

"Liko wapi?"

"Nini, baba?"

"Pengo! Mama yako kaniambia kwenye simu. Njia nzima nimewachosha watu kwenye treni nikiwaambia naenda kumwona kibogoyo wangu. Mmelipeleka wapi?"

Harriet akageukia ukuta, akalitoa lile jino, akamrudia baba yake mdomo wazi. Baba akamnyanyua juu akicheka.

Ndugu zangu, nani alimwambia mtoto yule kwamba baba yake ni sawa na mwongozaji? Hakuna. Alidhani mwenyewe. Na sisi je? Leo pale mlangoni tumeulizana habari za nyumbani, na sote tumejibu nzuri. Aliyelala njaa, nzuri. Asiyesemezana na mkewe tangu Jumatano, nzuri sana! Haya, kwa wanadamu na iwe hivyo. Lakini mbona tukipiga magoti tunamjibu Mungu vilevile? Tunashukuru, tunasema amina, tunakwenda zetu, na neno lililotuleta bado limo kinywani.

Kwa hiyo leo sitawaombea kwa maneno mengi. Nitanyamaza kidogo. Kila mmoja amwambie Baba lile alilonificha mimi.