Hapa Ni kwa Eliwaza

Wapendwa, mfano wa leo una muuaji ndani yake, na jina lake sitalitaja. Nitamwita Fulani. Simwogopi, amekwisha kufa. Ila jina lake limetajwa kupita kiasi, na kabla hatujamaliza mtaona ni akina nani waliolitaja.

Palikuwa na mji mdogo, na pembezoni mwake njia panda, na kwenye njia panda hiyo tanuri la matofali. Fulani ndiye aliyekuwa mwenye tanuri. Aliajiri wanawake wa kumchotea maji ya kukandia udongo, na katika muda wa miaka sita aliwaua watano kati yao. Naomba mfuate mpangilio, kwa sababu uovu ule ulikwenda kwa hatua, na kila hatua ilikuwa na watu wakiitazama. Alipopotea wa kwanza, majirani walisema amemfuata mwanamume mjini. Alipopotea wa pili, walisema tangu utoto hakuwa mtulivu. Mama wa binti wa tatu alikwenda kituo cha polisi mara nne, na mara zote nne aliambiwa asubiri, mabinti hurudi. Alipopotea wa nne, watu walianza kunong'ona, wakaishia kunong'ona. Wa tano alipotea kwa sababu alitoka kwenda kumtafuta wa nne. Ndipo mvua za masika zikabomoa ukingo wa shimo la udongo, na mji ukakiona kile ulichokuwa umekitafutia maelezo kwa miaka sita.

Fulani alishtakiwa, akahukumiwa, akafia gerezani. Kisheria, kesi ikafungwa. Je, ilikwisha?

Mnajua desturi yetu: mahali tunapaita kwa mwenyewe. Tunasema kwa Mzee Mbwambo, kwa Fundi Baiskeli, kwa Mama Chapati, na mgeni anafika bila ramani. Basi wenye bodaboda wakaanza kusema, "Nakuacha kwa Fulani." Abiria wakaitikia. Wauza viwanja wakafuata: "Kipo dakika tano kutoka kwa Fulani." Hapakuwa na kikao wala azimio. Miaka mitatu baada ya hukumu, mtu aliyewaua watano alikuwa na njia panda yake.

Yule mama wa binti wa tatu alikuwa na genge la mboga hapo hapo. Siku moja kijana mmoja mgeni, simu mkononi, akasimama mbele ya mafungu ya mchicha.

"Shikamoo mama. Kwa Fulani ndiyo hapa?"

"Marahaba. Mtu huyo hana kwake hapa."

"Aa, mama! Yule muuaji! Dunia nzima inamjua."

"Basi iulize dunia nzima ikuelekeze."

Wenye bodaboda wakaangua kicheko. Mmoja akasema, "Mama Eliwaza, utatukimbizia abiria!"

"Abiria wako mlete," akajibu. "Mwambie tu ukweli. Hapa ni kwa Eliwaza."

Walimwona mama mwenye uchungu, wakamvumilia. Je, kuna dharau ya upole kuliko hiyo?

Kisha serikali ya mtaa ikaleta vibao vya majina ya barabara. Mtendaji alikuwa kijana mwadilifu. Aliuliza watu kumi na wawili, akaandika jibu walilompa wote kumi na wawili, na Jumatatu asubuhi nguzo ikasimikwa: BARABARA YA FULANI. Jumanne asubuhi mama alikuja na jembe. Hakujificha. Alichimba mbele ya watu hadi nguzo ikalala, kisha akaketi kwenye genge lake akaendelea kuchambua mchicha.

Aliitwa mbele ya mkutano wa mtaa.

"Mama yangu," mtendaji alisema, "umeng'oa mali ya umma. Sisi hatumtukuzi mtu. Utaratibu unataka jina lililozoeleka, na mimi niliuliza watu."

"Mimi hukuniuliza."

"Ningekuuliza ungesemaje?"

"Kwa Eliwaza."

"Halimo kwenye orodha."

"Najua. Ndiyo maana nilikuja na jembe."

Mzee mmoja, mpenda suluhu, akainuka. "Jamani, tusigombane. Tuandike Barabara ya Amani, tumalize."

Mama akamgeukia. "Baba, amani kaiandikeni penye amani. Hapa waliuawa watu." Kisha akauliza mkutano mzima, "Siku ya hukumu, Fulani alivaa shati la rangi gani?"

"La kijani!" wakajibu kwa pamoja.

"Alipoulizwa kama ana la kusema, alifanya nini?"

"Alicheka!"

"Vizuri, mna kumbukumbu. Sasa niambieni, wa kwanza kuuawa aliitwa nani?"

Mtu mmoja nyuma akasema, "Si yule binti wa bondeni... yule mrefu?"

"Sikuuliza urefu. Nimeuliza jina."

Hakuna aliyelijua. Basi mama akawahesabia mwenyewe, kwa mpangilio waliopotea. Nakijwa, aliyekuwa akicheka kabla hajafika mwisho wa hadithi yake. Sikudhani, msusi wa mikeka. Eliwaza, aliyeogopa radi hata alipokuwa mtu mzima. Mwanahawa, aliyeacha mtoto wa miezi saba. Na Tabu, yule aliyetoka kwenda kumtafuta Mwanahawa wakati mji mzima ulikuwa umekaa.

"Kibao kirudi na majina hayo," akasema, "ama shimo la nguzo libaki wazi. Mkisimika lile jina tena, nitaling'oa tena. Mkiniweka ndani, nikitoka nitaling'oa. Ninalo jembe, na sina safari."

Shimo likabaki wazi. Na kila mgeni aliyeuliza, "Shimo hili la nini?" alijibiwa na mama pale gengeni, jina kwa jina, mpaka la tano.

Mfano umeishia hapo. Sasa sikilizeni vizuri, kwa sababu ninataka kuwa sahihi.

Mama yule nimemtunga. Mtendaji nimemtunga, na kibao, na jembe. Tanuri la matofali nimeliweka mimi, ili msipatambue mahali mapema mno. Sisi hapa hatuna tanuri, tuna machimbo ya kokoto. Lakini majina matano sikuyatunga. Nakijwa, Sikudhani, Eliwaza na Tabu nimewatoa katika daftari la ubatizo la usharika huu, lile la jalada jekundu. Jina la Mwanahawa nimelipata kwa ndugu zetu wa msikiti wa jirani, ambao walilitafuta siku mbili.

Nimeyasoma majina hayo nikiwa nazitazama nyuso zenu. Kichwa kimoja tu kiliinuka, benchi la nne upande wa kina mama. Ni mama wa mmoja wao, na Alhamisi nilikwenda kumwomba ruhusa ya kuyasoma. Aliniambia, "Mchungaji, soma kwa sauti."

Wengine wote mlikuwa mkisikiliza hadithi ya mji wa watu wengine. Ningelitaja lile jina moja, lile la muuaji wa machimboni, hata watoto wa shule ya Jumapili wangegeuka. Sisi tuliimba kwenye mazishi yale. Sisi tulibeba yale majeneza. Nani alitufundisha kumsahau aliyelala ndani na kumkumbuka aliyemweka humo?

Wala msidhani ninawahukumu nikiwa nimesimama pembeni. Asubuhi hii, kabla ya wimbo wa pili, lilisomwa tangazo la jumuiya. Lilisema mtakutana Jumatano saa kumi jioni, nyumba ya tatu kutoka kwa nani? Mnakumbuka, maana hakuna aliyeshtuka. Tangazo lile niliandika mimi, kwa mkono wangu, Ijumaa alasiri. Na niligundua nilichokiandika pale tu lilipokuwa likisomwa, wakati hotuba hii ilikuwa tayari mfukoni mwangu.

Mungu tunayemwabudu hakuwapoteza wale watano. Anawaita kwa majina yao hata sasa. Sisi ndio tuliomwachia muuaji njia panda, na tumemhudumia pale miaka yote, bila yeye kutuomba, kwa vinywa vilevile tunavyopokelea meza ya Bwana. Mimi nimekoma leo. Sitalisema tena, wala halitasomwa tena katika nyumba hii, na atakayeliandika kwenye karatasi ya matangazo nitaichana mbele yake.

Kwa hiyo ninalisoma tangazo upya. Jumuiya itakutana Jumatano, saa kumi jioni, nyumba ya tatu kutoka kwa Eliwaza.

Mwenye bodaboda atakuuliza, "Ndiko wapi huko?" Usimrahisishie kwa lile jina la zamani. Mwambie azime pikipiki kwanza. Kisha anza na Nakijwa.