Ntundwe Mbeba Mawe, Mama wa Dola ya Ugwasi

Kaeni mkao wa kusikiliza, watu wa Ugwasi, niwarudishe zama za mababu wa mababu zetu, kabla milima hii haijawa dola, alipozaliwa Ntundwe binti Ngoda, mjukuu wa Mashere mchonga mawe, wa ukoo uliotoka machweo ukiwa na nyundo na mbegu za mtama tu. Huyo ndiye Mbeba Mawe, Shingo ya Mvule, mwanamke aliyejitwika jiwe la kusagia bondeni akalitua kileleni bila kupumzika, na njia nzima anaimba.

Wakati huo nchi ilikuwa na vichwa viwili. Mtemi Kisaga alishika ngoma na mikuki. Kuhani Mbwelezi alilinda Jiwe la Mwenye Mvua, ambalo kila mbegu ilibarikiwa juu yake kabla ya kuingia ardhini. Mwaka mmoja wakakosana. Mtemi alisema hakuna kulima mpaka kuhani aje kumsujudia. Kuhani naye akaapa kwamba habariki hata punje moja mpaka mtemi apande hekaluni kwa magoti. Mvua ikanyesha, mvua njema, ikateremka mabondeni bure, na hakuna aliyethubutu kushika jembe.

Wiki ya tatu Ntundwe alimpelekea jiwe la kusagia mjane mmoja aitwaye Namsi, akamkuta anawakaangia watoto mbegu zake za mwisho.

"Rudi nalo, mwanangu," Namsi akamwambia. "Sina tena cha kusaga."

Ntundwe, ambaye shingo yake haikujua uzito, siku hiyo alilemewa moyo. Akaenda moja kwa moja hekaluni. Kuhani alipoona anakaza kata ya kubebea mzigo kichwani alirukia juu ya Jiwe takatifu akalikalia, akiamini hakuna atakayeligusa. Ntundwe akalinyanyua Jiwe pamoja na kuhani wake, akashuka nalo mlima, na mzee wa watu kaling'ang'ania kwa mikono na miguu. Watu walitoka majumbani wakiwa wameziba vinywa kwa hofu. Walipomwona anapita huku anaimba, mmoja akapiga kigelegele, kisha mlima mzima ukaitikia.

Akalitua nyumbani kwa mtemi, akawafungia wote wawili ndani, akaziba mlango kwa jiwe kubwa kuliko yote.

"Mkiwa na neno moja, gongeni," akatangaza. "Mkiwa na mawili, endeleeni kukaa."

Askari ishirini walilisukuma jiwe lile mpaka jasho likawaishia; hatimaye waliegemeza mikuki ukutani wakaingia kwenye ngoma, maana uwanja ulikuwa umeshafurika watu wanaocheza, na kila nyumba imeleta kidogo ilichobakiza chunguni. Harufu ya chakula ikapenya ndani. Asubuhi ya tatu mlango uligongwa, na sauti mbili zikatoka pamoja: "Pandeni!"

Wakapanda, mtemi na kuhani nao wakiwa na majembe mkononi, na mavuno ya mwaka ule yalikosa maghala.

Baada ya mavuno hao wawili, ambao sasa walikuwa hawaachani, walimwomba Ntundwe ashike ngoma na Jiwe kwa pamoja. Aliogopa. "Mzigo huu sijawahi kuubeba," alisema. Lakini watu hawakumwacha. Ndivyo alivyokuwa Mkuu wa kwanza, mwenye kuamuru na mwenye kuomba kwa kinywa kimoja. Milima ya mbali ikaja yenyewe na asali na migomba ya kupanda, ikiomba kuingia, mpaka dola ikafika ziwani bila mkuki kurushwa.

Alitawala miaka arobaini. Kila aliposema, "Mwenye Mvua amenena," watu waliinama; naye alfajiri nyingine aliamka hajui kama sauti aliyoisikia ilitoka mbinguni au kifuani mwake, na hakuwa na wa kumuuliza.

Siku moja ya kupanda, akiwa bibi kizee, alisimama mbele ya umati. "Mwenye Mvua ameniambia niende machweo, nisirudi."

Watu wote wakaanguka kifudifudi. Akabaki amesimama Tumwi, mpishi wa uji wa hekalu, mwiko mkononi.

"Umeambiwa, Mama, au umetaka mwenyewe?"

Ntundwe alimtazama, halafu akacheka mpaka taji likamdondoka.

"Nimetaka, mwanangu! Nimechoka kukaa, miguu inaniwasha. Miaka yote hii nimengoja mtu aniulize." Akawageukia watu. "Atakayekaa hapa baada yangu, muulizeni hivyo hivyo. Akikasirika, mteremsheni."

Akaondoka anaimba, kichwa kitupu, nao wakamsindikiza kwa vigelegele mpaka ukingo wa mlima. Sauti yake ilisikika mlima wa pili, ikasikika wa tatu, wala hakuonekana tena.

Ndiyo maana hapa Ugwasi, Mkuu akitamka kwamba Mwenye Mvua amenena, wakubwa kwa wadogo husimama wima na kumuuliza, "Umeambiwa, au umetaka?" na mpiga ngoma huweka mikono magotini mpaka Mkuu ajibu.