Kitabu cha Mwisho Mezani

Sogeeni karibu, na mwenye usingizi aamke, maana mwishoni kazi itakuwa yenu.

Chama cha Wakutubi cha Lumbe kilikuwa na watu watatu wa kutajwa. Mzee Kandoro alijua kuwaunganisha watu. Zamda alijua kunyamaza. Debora alijua kutenda wakati wenzake bado wanaogopa. Mwenyekiti wao, Tausi, hakujiona na kipaji chochote.

Aliyeanza ni Kandoro. Zamani kila mkutubi alionewa kivyake na kulia kivyake. Kandoro akapanda baiskeli, maktaba hadi maktaba, akawakutanisha, akawalisha kiapo: msomaji hasemwi. Wakubwa wakaona huyu anachochea watu. Wakamfukuza kazi pale maktaba ya Lumbe, na tangu siku hiyo anauza karanga.

Akafuata Zamda, aliyerithi kaunta ya Kandoro. Diwani Lukwaro, mmeza mashamba ya wajane, alisikia kuna mtu ameazima kitabu cha sheria za ardhi na sasa anawafundisha majirani.

"Nani amekiazima?"

"Msomaji, mheshimiwa."

"Nataka jina, binti!"

"Nimekula kiapo. Msomaji hasemwi."

Akafukuzwa, maktaba ikatiwa kufuli, na bado hakufungua kinywa. Msomaji mwenyewe alikuwa mama mzazi wa Tausi. Ukiwaacha majirani aliowafundisha, siri hiyo waliijua wanawake watatu tu: mama, Zamda na Tausi.

Vijana wa diwani walipoanza kupita nyumba kwa nyumba wakikisaka kitabu hicho, Tausi hakupata usingizi. Ndipo akaja Debora, mkutubi wa mji jirani. Hakungoja ruhusa ya mtu. Alikusanya nakala za kitabu kilekile kutoka kila maktaba ya chama, akatandika mkeka mbele ya ofisi za halmashauri, akaanza kuazimisha. Kufikia alasiri mji mzima ulikuwa unatembea na sheria za ardhi kwapani. Lukwaro amkamate nani, amwache nani? Akanywea. Kufuli likatolewa, lakini Debora naye akafukuzwa kazi kwa kuhamisha vitabu bila kibali.

Halmashauri ikatoa neno: "Maktaba ya Lumbe ina nafasi moja. Chama kichague mtu."

Chama hiki hakipigi kura kwa mikono. Kila mwanachama husimamisha kitabu mezani mbele ya anayemtaka. Vitabu vikasimama, vikahesabiwa, vikawa sawa kwa wote watatu. Kilibaki cha Tausi.

"Mwanangu, nirudishe nilikotolewa kabla sijafa," alisema Kandoro.

"Mimi nina watoto, dada," alisema Debora. "Wanakula nini kesho?"

Zamda hakusema kitu, na kimya chake kilimchoma Tausi kuliko maneno yote. Akimpa Zamda, ametenda haki au amelipa fadhila ya mama yake? Akimnyima, atamtazama vipi mama huyo leo jioni?

Akainuka, kitabu mkononi, na watu wote wakamkazia macho.

Mimi nimefika mwisho wangu. Bila Kandoro, kiapo kisingekuwapo. Bila Zamda, kingekuwa maneno matupu. Bila Debora, mama wa watu angekamatwa. Je, wewe ungekisimamisha kitabu hicho mbele ya nani?