Hasira Iliyopanda Ndege

Mtu mmoja, Luhende, muuza vipuri wa Dar es Salaam, alikuwa na mdogo wake wa tumbo moja, Shigela, aliyebaki nje ya Mwanza akilima shamba la marehemu baba yao. Jioni moja jirani wa Shigela alimpigia simu: Shigela ameng'oa minyaa ya mpakani, ule ua aliopanda mzee kwa mkono wake. Luhende hakuuliza zaidi. Asubuhi akapanda ndege.

Baba yao naye aliwahi kumfuata nduguye kwa hasira, kutoka Dar es Salaam vilevile, ila yeye alipanda treni. Walipopita Dodoma alikuwa bado anamlaani kwa sauti. Tabora, treni ikingoja, mama mmoja asiyemjua alimgawia karanga, akamuuliza anakwenda kufanya nini, naye akaona haya kusema. Mwanza alishuka na mkate na sabuni za kumpelekea nduguye. Wale walipatana, na kifo kilipokuja wakazikana kama ndugu.

Luhende hakukutana na mtu wa kumwonea haya. Alifunga mkanda, akanywa soda, ndege ikatua. Hasira aliyotoka nayo nyumbani ilifika ikiwa ya moto vilevile, na hilo, ndugu zangu, ndilo linaloninyima raha.

Shigela alimwona kwa mbali, akatoka mbio na kigoda mkononi, amefurahi kupita kiasi. Hajakiweka chini, Luhende akasema mbele ya majirani:

"Kuanzia leo, mimi na wewe hatuzikani!"

Mnalijua neno hilo, linalokata undugu hadi kaburini, na mnajua maji yakimwagika hayazoleki. Luhende akarudi uwanjani kwa teksi ileile iliyomleta.

Alikuwa ndiyo kwanza ametua Dar es Salaam jirani yuleyule alipompigia tena. Minyaa iling'olewa ili lori lipitishe matofali. Shigela alikuwa akimjengea kaka yake nyumba, apate pa kufikia uzeeni. Luhende alilia palepale, watu wakimpita na mabegi yao. Ndege ya kurudi ilikuwapo jioni hiyo hiyo, na nafasi zilikuwapo. Akarudi.

Shigela alimkaribisha, akamnawisha mikono, akamwekea chakula. Lakini hakula naye.

Zamani njia ilitutuliza kabla hatujapiga hodi. Sasa njia imekwisha: ni nani atakayetutuliza?