Mtoto Aliyepashwa Moto na Kilimia

Hapo zamani, watu walipokuwa bado wakiomba moto kwa nyota, palikuwa na mji uitwao Ndulele, juu ya mlima usiomea hata mti mmoja. Kuni hazikuwapo. Kila nyumba ilikuwa na jiwe lililochongwa nakshi, na nakshi hiyo ilikunywa mwanga wa nyota ikaugeuza joto. Jiwe ndilo lililopika, jiwe ndilo lililokausha nguo, jiwe ndilo lililowapa watu usingizi mwema. Lakini lilikuwa na mwiko wake: ukiliingiza nyumba ya mwingine, hupoa papo hapo. Na jiwe jipya lilihitaji mwezi mzima wa kunywa kabla halijashika joto.

Katika mji huo aliishi Siwema. Mumewe, Faki, alikuwa ameshuka bondeni kutafuta chumvi. Basi siku moja ya baridi kali Siwema akajifungua mtoto wa kike, mdogo kama kifaranga. Na siku hiyo hiyo, jiwe la nyumba yake likapasuka, pa! Joto lote likatoka.

Siwema akamkumbatia mwanawe kifuani. Mtoto akalia. Kisha akalia kidogo. Kisha akanyamaza, na Siwema akakitamani kile kilio alichokuwa akikibembeleza.

"Nimpeleke kwa jirani?" akauliza.

"Kumtoa nje kwenye upepo huu ni kumzika," akajibu mkunga wake, Bi Mrashi. Akainama, akawaza. "Iko nakshi ya Kilimia, lile kundi la nyota. Jiwe likichongwa hiyo, hunywa mara moja likashiba. Lakini ni siri ya ukoo wetu. Nilimwapia baba yangu kwamba sitaitoa nje."

"Bibi, mwanangu anakwenda!"

Bi Mrashi akachota unga, akaumwaga sakafuni, akaichora ile nakshi kwa kidole. Akavunja kiapo. Tangu siku hiyo watu wa ukoo wake hawakula naye tena.

Akaitwa Chande, mchonga mawe. Akaitazama nakshi, akatikisa kichwa. "Hii haikai juu ya jiwe lolote tu. Yataka jiwe jeusi lisilo na mshipa."

Na jiwe la namna hiyo alikuwa nalo moja, aliloachiwa na marehemu mama yake. Alikuwa amelitunza kwa ajili ya nyumba yake atakapooa, na mchumba wake alikuwa akilisubiri. Chande akatoka. Akarudi nalo, akachonga, akachonga, hata vidole vikakakamaa.

Nakshi ikawa tayari. Lakini ukungu ulikuwa umeufunika mji wote. Kilimia kilionekana kutoka kileleni tu, nacho kilikaribia kutua.

Hapo akaingia Zawena, jirani aliyekuwa amesikia yote, bila hata hodi. Yeye na Siwema hawakusemezana tangu mbuzi wa Zawena walipomaliza vitunguu vya Siwema. Zawena akalitwaa jiwe, akalipachika begani.

"Tutagombana kesho," akasema, akatoka.

Akapanda gizani kwenye ukungu, mguu ukitafuta njia. Kileleni akaliinua jiwe juu, Kilimia kikalimiminia mwanga, likashiba. Sasa, jiwe lililoshiba halituliwi chini kabla ya kufikishwa nyumbani. Ukilitua njiani, joto lote huingia mlimani. Zawena akalikumbatia, akashuka nalo. Liliunguza viganja, hakulitua. Liliunguza mikono, hakulitua. Hadi mlangoni kwa Siwema.

Nyumba ikajaa joto. Mtoto akapiga kelele za ghadhabu, na Siwema akacheka huku machozi yakimtiririka.

Watu wa Ndulele walikuwa na desturi: mtoto aliyeokolewa hupewa jina na aliyemwokoa. Na jina ni moja tu, maana nyota haimtambui mwenye majina mawili.

Siku ya kumpa mtoto jina, Faki alikwisha kurudi. Chungu kilitokota juu ya jiwe jeusi, watu wakala wakashiba. Kisha Bi Mrashi akasema, "Mtoto ataitwa Mrashi. Bila nakshi yangu, jiwe lingekuwa jiwe tu. Nimepoteza ndugu, nami sina mwana. Nani atalibeba jina langu?"

"Hapana, Bibi," akasema Chande. "Ataitwa Tunu, jina la mama yangu. Bila jiwe lake, nakshi yako ingebaki kwenye unga. Mchumba wangu ananiuliza nitamweka wapi, nami jiwe jingine sina."

Zawena akaonyesha mikono yake iliyofungwa vitambaa. "Nakshi mlikuwa nayo, jiwe mlikuwa nalo, na mtoto alikuwa akifa. Nani alipanda? Ataitwa Zawena. Tena mimi sikuwa na deni la wema kwa mama yake."

Watu wakacheka. Wote wakamgeukia Faki.

"Msinitazame mimi," akasema. "Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi. Mke wangu, sema wewe."

Siwema alikuwa akimnyonyesha mwanawe. Alimtazama Bi Mrashi, moyo ukasema ndiye. Alimtazama Chande, moyo ukasema ndiye. Alimtazama Zawena, moyo ukasema ndiye. Mtoto akashiba, akaachia titi, akaukunja mkono wake wenye joto kwenye kidole cha mama. Akafumbua macho, kana kwamba naye anangoja kuitwa.

Basi nyinyi mnaonisikiliza, lau mtoto huyu angewekwa mikononi mwenu, mngemwita kwa jina la nani?