Bakuli la Kwanza la Ndugu Simoni

Sogeeni karibu, maana ngano hii haipendi kupigiwa kelele.

Palikuwa na monasteri ya wanaume jangwani, na humo mtawa aliyeitwa Ndugu Simoni. Kwa kweli alikuwa Sabela, msichana aliyekimbia kuozwa kwa nguvu akavaa kanzu ya kiume. Watawa walimpokea, wakamlisha, wakampenda miaka kumi na miwili.

Siku moja zimwi likakalia kisima chao. "Anayetaka maji aniambie yeye ni nani. Akidanganya, maji yanashuka."

Abati, mkuu wao, akasema, "Mimi ni mnyenyekevu kuliko wote." Maji yakashuka.

Mpishi akasema, "Mimi nimefunga," na makombo yamejaa ndevuni. Mnacheka? Maji yakashuka.

Sabela akatazama midomo ya ndugu zake, imepasuka kwa kiu. Akijitaja, atafukuzwa. Akinyamaza, watakufa.

"Mimi ni Sabela, mwanamke," akasema. "Hawa walinisitiri bila kujua, nami nawashukuru."

Maji yakapanda kwa kishindo, yakalizoa zimwi likapotelea mchangani.

Desturi ya pale, bakuli la kwanza ni la Abati. Abati akalijaza, akampa Sabela kwa mikono miwili.

"Kunywa, Ndugu Sabela. Na kengele ya alfajiri kesho ni zamu yako, kama kawaida."