Kwa Nini Ng'ombe wa Waingereza Hubadili Jina Mlangoni mwa Jiko

Zamani ambazo hakuna aliyebaki wa kuzishuhudia, katika kisiwa cha Waingereza kila mnyama alikuwa na jina moja tu. Alizaliwa nalo, akachungwa nalo, na akifika chunguni aliitwa hilohilo, kama sisi tusemavyo ng'ombe na nyama ya ng'ombe bila kumficha mtu kitu. Leo mambo si hayo. Malishoni kwao yeye ni cow, na akishapita jikoni anakuwa beef, utadhani kahamia mji mwingine.

Sababu yake niliisimulia Muheza, siku ya hitima ya dada yangu, tukiwa uani tunamenya vitunguu saumu. Ng'ombe aliyechinjwa alikuwa wa marehemu mwenyewe. Ng'ombe huyo jina lake Afadhali, kwa kuwa yule aliyemtangulia alikuwa mkorofi. Mpwa wangu Zaina ndiye aliyemlea tangu ndama, na tangu asubuhi hakuwa ametia kitu kinywani.

"Kibwana, wewe umepika kwenye meli za dunia nzima," akaniambia Bi Tabu, jirani yetu. "Hebu mfanye huyu mtoto ale."

"Nimepika, Bi Tabu. Ndiyo maana meli nyingi ziliniteremsha bandari ya kwanza."

Watu wakacheka kidogo, kicheko cha msibani. Zaina hakucheka. "Mimi ndiye niliyemwita, mjomba," akasema. "Niliambiwa nimlete tu nyumbani. Nikamwita, akaja."

Hapo nikaacha mzaha, nikamweleza niliyoyasikia kwa mpishi mwenzangu, mzaliwa wa kisiwa kile. Wasomi wana maelezo yao, nami sikukaa darasani vya kutosha kubishana nao.

Wachungaji wa kisiwa hicho, nikamwambia, walikuwa na desturi. Jina la mnyama ndilo lilikuwa neno la kumwitia. La ng'ombe walilivuta likawa refu, likapita juu ya ukungu mpaka bondeni, naye popote alipo akainua kichwa. Neno lile lilikuwa ahadi. Ukimwita kwalo umemwambia njoo, kuna maji, kuna zizi, hakuna baya. Kwa hiyo mnyama wa kuchinjwa hakuitwa kamwe. Mwenyewe alimfuata kwa miguu, hata kama ni vilima vya mbali, akamfunga kamba na kumwongoza kimya. Na chakula kilipopakuliwa jina lake lilitajwa bila haya, kwa sababu lilikuwa halijamdanganya.

Kisha wakaja watu wa ng'ambo, na farasi na panga, wakaitwaa nchi. Mmoja wao, Bwana Odo, akapewa bonde ambamo binti mmoja aitwaye Edita alikuwa akichunga. Watu wale, nami nawapima kwa macho ya mpishi, walikuwa na njaa isiyopumzika. Wachungaji walikula nyama kwa nadra, maana kupanda vilima kumfuata mnyama ni kazi ya kukufikirisha. Wageni hawa waliitaka kila siku ya Mungu.

Edita alikuwa na ng'ombe mwekundu aliyefiwa na mama yake siku ya kuzaliwa. Alimlea kwa kumnyonyesha vidole vilivyochovywa maziwa. Ikawa siku ya karamu, na Odo akamtaka huyo. Edita akaomba ruhusa ya kumfuata, kama ilivyo desturi. Lakini ukungu ulikuwa umeshuka, na wageni walishaanza kufika.

"Umfuate wa nini," Odo akamwuliza, "na mdomo unao? Mwite."

Edita akapiga magoti. Odo akamwambia kwamba asipoita, baba yake atalala nje jioni ile, na nyumba itapewa mwingine. Baba alikuwa mgonjwa, na nje kulikuwa na barafu. Edita akainuka. Akaliita lile jina. Kwa muda hakukuwa na kitu, halafu ng'ombe mwekundu akatokea ukunguni mbiombio, majani yangali mdomoni.

Kwenye karamu Odo alikuwa amechangamka. Akamwita Edita amfundishe lugha ya nchi, amwambie kitoweo kile kinaitwaje kwao.

"Hakina jina, bwana."

"Mbona nimekusikia ukilitaja asubuhi?"

"Lile ni la aliyekuja nilipomwita. Huyu wa mezani mpe la kwenu."

Odo akacheka, akasema beef, neno la watu wake, na wageni wakalirudia midomo imejaa. Edita akatoka nje.

Asubuhi iliyofuata wachungaji wa bonde zima waliita, na hakuna ng'ombe aliyeinua kichwa. Wakaita tena. Maziwa yalidondoka nyasini, ndama wakilia zizini. Wanyama hawakukimbia, walipomwona mtu walijisogeza tu kando, kama unavyompisha mtu usiyetaka salamu yake. Ikapita siku, ikapita nyingine, na ndama wakaanza kufa.

Ndipo Edita akaenda kukaa katikati yao, kwenye tope, mpaka wakaacha kumkwepa. Akaapa mbele yao, na wachungaji wote nyuma yake wakaitikia, kwamba neno la kuwaitia litaishia mlangoni mwa jiko. Halitaingia penye moshi na chumvi, na la kondoo vilevile. Akainuka, akaenda mbali, akaita. Walikawia. Kisha mmoja akaja.

"Na kuku je?" Bi Tabu akauliza. "Mwanangu alifanya kazi hotelini. Anasema kuku wao ni chicken kokote."

"Kuku alikuwa akiliwa na wachungaji wenyewe, vibandani mwao. Halafu kuku humwiti kwa ahadi, Bi Tabu, unamwita kwa mtama. Biashara hiyo anaijua."

Na tangu siku hiyo Waingereza wana jina la mnyama na jina la kitoweo, na wengi wao wakikaa kula hawajui kwamba wanatunza kiapo cha Edita.

Zaina alikuwa ameshikilia kitunguu kilekile muda wote. "Sisi hatuna jina la pili la kumfichia," akasema.

"Hatuna, mama."

Chakula kilipopakuliwa aliipokea sahani yake. Akaiangalia. "Afadhali," akasema, kwa sauti ndogo isiyo ya kuita. "Mimi sikuambiwa." Kisha akala, tonge moja, na sisi tuliokuwa karibu naye tukaacha kutafuna mpaka alipomeza.

Na tangu siku hiyo, nyumbani kwa marehemu dada yangu, mnyama wa kuchinjwa haitwi. Anafuatwa alipo. Mwaka jana nilitumwa mimi kumleta beberu, yuko ng'ambo ya mto, jua la saa saba, na magoti yangu haya yaliyomaliza nguvu zake kwenye ngazi za meli. Alikuwa ananiona. Ningetamka jina lake mara moja tu angekuja mwenyewe.

Nilivuka mto.